Mlinzi wa Wizi Halindi Amana: Makamanda, Tuachane na Antivirusi za Kukraki

Haya ni maneno niliyozungumza Jumamosi kwenye darasa la vijana wa jimbo letu. Wengi mliniomba maandishi, wengine mlikuwa nje mnapiga stori mkasikia nusu. Nimeyaweka kama nilivyoyasema, nimepunguza tu zile sehemu nilizokuwa najirudia.



Katibu aliponipigia simu kwamba natakiwa kutoa mada, nikajua ni Katiba Mpya. Ukisoma sheria kila mtu anadhani wewe kazi yako ni Katiba. Katibu akasema, "Hapana dada, wewe zungumzia usalama wa kompyuta." Nikacheka. Akaendelea, "Zungumzia lile lililokupata." Hapo nikaacha kucheka.

Basi naanza na lililonipata.

Mwaka 2024, kama miezi miwili kabla ya uchaguzi wa serikali za mitaa wa Novemba, tawi letu lilinikabidhi kazi ya kutunza orodha ya vijana wa kata na orodha ya watu waliojitolea kuwa mawakala wetu vituoni. Majina, namba za simu, mtaa anaoishi mtu, kituo atakachosimamia. Nilipewa kazi hiyo si kwa sababu ninajua sana. Nilipewa kwa sababu nilikuwa na laptopu. Mnajua mambo yetu. Kwenye chama cha upinzani mwenye laptopu ndiye katibu, ndiye mhasibu, ndiye mchora mabango, na siku ya matokeo ndiye mjumlisha kura.

Laptopu yenyewe ni ya mtumba. Siku moja nikaipeleka kwa fundi, kwenye steshenari moja jirani na tunapoishi wanafunzi, aniwekee programu ya kuandikia. Akaikagua, akatikisa kichwa kama daktari. "Sista, mashine yako haina antivirusi ya maana. Nikuwekee fulu? Elfu tano tu, hii inakaa maisha." Nikaona huyu ni msamaria. Akazima ulinzi uliokuwemo, akasema usijali, hizi mbili zikikaa pamoja zinagombana. Akachomeka flashi yake, akapiga kraki, akaniwashia. Pale chini pembeni pakatokea kialama cha kijani. "Uko salama." Nikalipa, nikashukuru, nikaondoka.

Kialama kile kilikaa kijani wiki tatu. Kilikuwa kijani hata usiku ambao watu wetu walianza kupokea meseji.

Sasa, meseji za utapeli sote tumezizoea. "Ile pesa tuma kwenye namba hii." Yule anayetuma anabahatisha, anarusha kwa watu elfu akitegemea mmoja anadaiwa. Huyu wa kwetu hakubahatisha. Alimwita mtu kwa jina lake. Alijitambulisha kwa jina langu. Aliutaja mtaa, alikitaja kituo, akasema tunachangishana nauli na chakula cha mawakala, ukipata chochote tuma hapa. Kila aliyepokea alikuwa kwenye orodha yangu. Na mpangilio wa waliopokea ulikuwa uleule wa orodha yangu, kuanzia juu kwenda chini.

Mmoja wa waliotuma ni mama mmoja anayeuza vitumbua. Alituma elfu kumi na tano. Asubuhi nikamfuata, shikamoo mama, nikamwomba radhi, nikamwahidi hela yake nitairudisha. Akaniangalia muda mrefu. Akasema, "Mwanangu, hela inatafutwa. Namba yangu umempa nani? Na hao wamejuaje kama mimi ni wa kwenu?"

Sikuwa na jibu.

Mama yule alikuwa ameniomba kitu kimoja tu siku anajiandikisha: jina lake lisitembee. Kibanda chake kipo mahali ambapo wakubwa wa mtaa wakiamua kesho asiwepo, kesho hayupo. Aliniamini. Baada ya ile meseji alijitoa. Hakugomba wala hakutukana, alisema tu, "Nina watoto." Siku ya kupiga kura, kituo alichokuwa asimamie yeye hatukuwa na wakala. Tulitafuta mbadala usiku kucha, hatukupata.

Nimewaambieni habari hii ndefu ili mkisikia neno "antivirusi" msidhani tumekuja kuzungumzia mambo ya mafundi. Tunazungumzia mama mwenye kibanda.

Baadaye rafiki yangu anayesoma mambo ya kompyuta chuo kingine aliifungua ile mashine. Akakuta mambo mawili. Moja, ile antivirusi haikuwa imepokea apdeti hata moja tangu iwekwe, na orodha ya virusi iliyokuwa nayo ilikuwa ya mwaka uliotangulia. Mbili, kwenye folda ileile iliyokuja na kraki kulikuwa na programu nyingine ndogo, kazi yake kusoma paswedi zilizohifadhiwa kwenye brauza na kuzituma nje. Paswedi ya barua pepe yangu ilikuwa humo. Na orodha ya mawakala nilikuwa nimeihifadhi kwenye akaunti hiyohiyo.

Je, ninaweza kuapa mahakamani kwamba ndiyo iliyovujisha? Kwa kiwango cha kesi ya jinai, bila kuacha shaka, hapana. Kwa mizani ya uwezekano, kama tunavyofundishwa kwenye kesi za madai, nimeshajihukumu mwenyewe.

Sasa tuelewane jinsi hiki kitu kinavyofanya kazi, maana ukielewa hutahitaji mtu akuhubirie.

Antivirusi ni kama askari wa getini aliyepewa daftari lenye picha za wezi. Anayeingia anamlinganisha na picha. Pia anaangalia tabia: huyu mbona anaruka ukuta? Lakini wezi wapya wanazaliwa kila siku, kwa hiyo kila siku makao makuu yanamtumia picha mpya, wakati mwingine mara kadhaa kwa siku. Leseni ndiyo inayofanya picha hizo zimfikie. Kwa maneno mengine, unaponunua antivirusi hununui ile programu. Unanunua picha za kesho.

Kraki inafanya nini? Inaichokonoa ile programu ndani ili isiulize tena leseni. Yaani unampasua askari kichwa, unaondoa sehemu inayouliza "nani amekuajiri?", halafu unategemea sehemu nyingine zote za kichwa ziko sawa. Mara nyingi inakata pia mawasiliano kati ya programu na kampuni, ili kampuni isigundue. Ukikata mawasiliano, na picha mpya hazifiki. Na kama umewekewa namba ya leseni iliyogawiwa watu elfu moja, siku kampuni ikiigundua inaifunga, na wewe hujui. Askari amesimama getini, kavaa sare, kashika rungu, daftari lake ni la mwaka juzi.

Kuna baya zaidi. Ili kraki iingie, karibu kila mara unaambiwa uzime kwanza ulinzi. Jamani, tafakarini hapo. Programu ya kukulinda inaanza kazi kwa kukuomba uondoe ulinzi! Mtu akija nyumbani kwako akakwambia, "Mimi ni mlinzi mpya, hebu fungua mlango wa nyuma na umfunge mbwa," utamfungulia?

Na sasa hili ndilo lililoniuma kuliko yote. Windows 10 na Windows 11 zinakuja na antivirusi yake ndani, inaitwa Microsoft Defender. Halali, bure, inapokea apdeti yenyewe. Lakini Windows ikiona umeweka antivirusi nyingine, Defender inajiweka pembeni kumpisha mwenzake. Inapisha kwa nia njema, haijui kwamba aliyekuja ni mwizi. Kwa hiyo mimi sikuwa mtu asiyekuwa na ulinzi akanunua ulinzi mbovu. Nilikuwa na mlinzi mzuri wa bure, nikamfukuza, nikalipa elfu tano kumwajiri anayefungulia wezi. Fundi aliposema mashine haina antivirusi ya maana, ilikuwa nayo tayari.

Sisemi kila kraki ina kirusi ndani. Inawezekana wewe unayo mwaka wa tatu na hujaona kitu. Ninachosema ni kwamba huna namna ya kujua, kwa sababu yule ambaye angekuambia ndiye uliyemzima.

Na apdeti siyo urembo. Mei 2017 kirusi kilichoitwa WannaCry kilifunga mafaili ya kompyuta katika nchi zaidi ya 150 na kudai malipo kwa Bitcoin. Hata hospitali za umma za Uingereza zililazimika kuahirisha matibabu. Tundu kilichopitia lilikuwa limeshapatikana, na Microsoft walitoa kiraka chake Machi 14, 2017, karibu miezi miwili kabla. Waliokuwa wamekiweka walipona. Mwenye kopi ya wizi aliyezima apdeti ili asigundulike alikuwa amejifungia nje ya dawa.

Niingie kwenye sheria kidogo, maana ada ya chuo isipotee bure.

Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999 inalinda programu za kompyuta kama inavyolinda kitabu na wimbo. Halafu kuna Sheria ya Makosa ya Mtandao ya mwaka 2015. Wengi wetu tunaijua kwa kifungu cha 16, kile cha taarifa za uongo, kwa sababu ndicho kilichowapeleka watu polisi kwa posti za mtandaoni. Lakini teremkeni hadi kifungu cha 24. Kinakataza kutumia mfumo wa kompyuta kwa nia ya kukiuka haki miliki. Kama hukufanya kwa biashara, faini isiyopungua shilingi milioni 5 au kifungo kisichopungua miaka 3, au vyote viwili. Kama ni kwa biashara, faini isiyopungua milioni 20 au kifungo kisichopungua miaka 5, au vyote viwili. Sikilizeni vizuri lile neno, "isiyopungua". Hakimu akikuonea huruma, huruma yake ina sakafu.

Sasa pandeni hadi kifungu cha 31. Mkuu wa kituo cha polisi akiridhika kwamba kuna sababu za msingi za kuamini kompyuta inaweza kuwa ushahidi wa kosa, anaweza kutoa amri mwenyewe, askari wakaingia, wakapekua, wakaichukua. Hakuhitaji kwenda kwa hakimu.

Unganisheni hivyo vifungu viwili. Mimi sheria hii naipinga, na nitaendelea kuipinga kwa kalamu na kwa kura. Lakini kuipinga sheria ni jambo moja, na kujilaza kwenye mdomo wake ni jambo lingine.

Mtu ataniambia, "Dada unatutisha, nani amewahi kukamatwa kwa sababu ya antivirusi?" Swali zuri. Ngoja niwapeleke mbali kidogo.

Huko Urusi, Siberia, kuna ziwa kubwa linaitwa Baikal. Ndilo ziwa lenye kina kirefu kuliko yote duniani, na letu la Tanganyika ni la pili. Kwenye mji wa Irkutsk, karibu na ziwa hilo, kulikuwa na kikundi cha mazingira kinaitwa Baikal Environmental Wave. Januari 2010 serikali iliruhusu kiwanda cha karatasi kilichokuwa kinachafua ziwa kifunguliwe upya, na kikundi kikawa kinapanga kupinga. Mwezi huohuo polisi waliovaa kiraia waliingia ofisini kwao wakaondoka na kompyuta 12. Sababu waliyotoa haikuwa ziwa wala maandamano. Walisema wanatafuta programu za Microsoft zisizo na leseni.

Na kikundi hiki hakikuwa peke yake. Ripoti za waandishi wa habari mwaka huo zilionyesha kwamba vikundi vya utetezi na magazeti ya upinzani nchini humo vilikuwa vinavamiwa kwa kisingizio hichohicho. Hebu fikirieni akili hiyo. Huhitaji kumshtaki mpinzani kwa siasa, dunia itapiga kelele. Mshtaki kwa wizi wa programu. Nani atamtetea mwizi? Wakati huo kompyuta zote ziko kwako, na orodha zote ziko ndani.

Lakini kile kikundi cha Irkutsk kilisema kilinunua programu zake kihalali. Leseni haikuzuia polisi kuingia, na hapo sitawadanganya. Ila baada ya hapo walisimama na makaratasi yao, wakasema sisi tumelipa, na kisingizio kikabaki uchi. Habari ikaenea. Septemba 2010 Microsoft wenyewe walitangaza kutoa leseni ya jumla bila malipo kwa asasi zisizo za kiserikali na vyombo vidogo vya habari nchini Urusi na katika nchi nyingine kadhaa, ili programu zao zisitumike tena kuwa fimbo. Risiti iliwashinda wenye bunduki. Si kila siku, lakini siku ile ilishinda.

Na hapa kwetu, kuchukuliwa kompyuta hatuhitaji kuhadithiwa. Oktoba 29, 2015, polisi waliingia kwenye kituo cha waangalizi wa ndani wa uchaguzi wa TACCEO, mtandao uliokuwa unaratibiwa na LHRC, wakakamata makarani na kuchukua kompyuta na simu. Sheria ya Makosa ya Mtandao ilikuwa na miezi miwili tu tangu ianze kutumika. Sababu pale haikuwa uharamia wa programu. Lakini ninyi mnaokesha kwenye vyumba vya kujumlisha matokeo jiulizeni: siku wakija na sababu moja dhaifu, mnataka wakute na ya pili yenye nguvu, mmeiweka wenyewe kwa elfu tano?

Kuna sheria ya tatu, na hii ni ya kutulinda sisi pamoja na kutubana. Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022, ilianza kutumika Mei 1, 2023. Anayekusanya taarifa za watu anawajibika kuzilinda. Na taarifa zinazoonyesha msimamo wa kisiasa wa mtu zimewekwa kwenye kundi la taarifa nyeti. Orodha ya wanachama ni nini kama siyo hiyo? Yule mama wa vitumbua hakunipa namba ya simu tu. Alinipa amana. Kwa Kiswahili chetu amana haipotei ukasema "ni bahati mbaya". Amana inalipwa.

Sasa nijibu yale manung'uniko, maana nawaona huko nyuma mnavyonong'ona.

La kwanza: "Hizo kampuni ni matajiri wa ng'ambo, kuwaibia siyo wizi." Kaka zangu, sisi ndio tunaozunguka nchi nzima tukisema kura isiibwe, hata moja. Hatukusema kura isiibwe isipokuwa ya tajiri. Kwenye sheria kuna msemo kwamba anayekuja kudai haki aje na mikono safi. Na kuna vijana wa Kitanzania wanaandika programu sasa hivi, wamo hata humu ndani. Tukizoea kwamba programu ni kitu cha kuchomolewa kwenye flashi ya fundi, na wao watakula nini?

La pili: "Hela hatuna." Hili nakubali, hata mimi sina. Lakini nani amesema halali lazima iwe ya kulipia? Defender ni bure. Kampuni kadhaa kubwa zina toleo la bure la antivirusi, unalipakua kwenye tovuti yao wenyewe, lina vitu vichache kuliko la kulipia lakini picha za wezi linapokea. Kinachotakiwa ni mkataba halali na apdeti. Hiyo elfu tano ya kraki nunulia bando, apdeti mashine yako.

La tatu, na hili nilisikia kwa mtu makini: "Hata hao wenye leseni wanatupeleleza." Ni kweli, halali haimaanishi malaika. Februari 2024 tume ya biashara ya Marekani, FTC, ilitangaza kwamba Avast italipa dola milioni 16.5 kwa sababu iliuza taarifa za tovuti ambazo watumiaji wake walitembelea, wakati iliahidi kuwalinda dhidi ya kufuatiliwa. Kwa hiyo soma masharti, zima unachoweza kuzima. Lakini angalieni tofauti. Avast ina jina, ina ofisi, ina mkataba na mtumiaji. Ilifuatwa, ikalipa. Huyo aliyetengeneza kraki yako, hati ya mashtaka utampelekea wapi?

Basi tufanye nini? Nina mambo sita, nimeyaandika ili viongozi wa matawi msiseme hamkusikia.

Kwanza, leo ukifika nyumbani fungua Windows Security kwenye mashine yako. Angalia ni antivirusi gani inafanya kazi na mara ya mwisho ilipata apdeti lini. Kama ni ya kukraki, usiifute tu ukaendelea kama kawaida. Hamisha mafaili yako ya maandishi na picha, usihamishe programu yoyote, kisha piga Windows upya kwa faili lililotoka Microsoft, siyo kwenye flashi ya mtu.

Pili, badilisha paswedi zote ulizowahi kuhifadhi kwenye mashine hiyo, na uzibadilishe ukiwa kwenye simu au mashine nyingine iliyo safi. Anza na barua pepe. Washa uthibitisho wa hatua mbili, na kwenye WhatsApp weka ile namba ya siri. Ukibadilisha paswedi kwenye mashine iliyoambukizwa, unampelekea mwizi ufunguo mpya.

Tatu, mashine ya tawi inayobeba orodha na matokeo, tuichangie. Kama tunaweza kuchangishana fulana na kukodi spika, tunaweza kuchangia leseni ya mashine moja kwa mwaka. Nunueni kwenye tovuti ya kampuni au kwa muuzaji anayetambulika, na mdai risiti ya EFD yenye jina la tawi. Ukiuziwa namba ya leseni kwa bei ya kutupa, jiulize ni wangapi wengine wameuziwa namba hiyohiyo. Risiti ikae kwenye faili pamoja na hati nyingine za chama, na nakala yake nyumbani kwa mtu mwingine. Andikeni tarehe ya leseni kuisha ukutani, maana leseni iliyoisha ni askari aliyestaafu.

Nne, programu nyingine pia. Antivirusi halali juu ya ofisi ya kuandikia iliyokrakiwa ni kufuli jipya kwenye mlango wenye tundu. LibreOffice ni bure kihalali na inafungua mafaili mnayoyafahamu. Kama mashine ni ya zamani, mjue Microsoft walikomesha apdeti za kawaida za usalama za Windows 10 Oktoba 14, 2025. Mashine isiyoweza kupanda kwenda Windows 11 inaweza kuwekewa Ubuntu, nayo ni bure. Tunao vijana wa kompyuta humu wanaoweza kusaidia matawi.

Tano, flashi. Flashi iliyotoka steshenari ipekuliwe kabla hujafungua kitu. Na orodha ya watu isitembee kwenye flashi kabisa kama haijafungwa kwa paswedi.

Sita, tupunguze tunachokusanya. Kama kazi inahitaji jina na namba, usiandike na anakoishi. Taarifa ambayo huna haiwezi kuibiwa kwako.

Nimalizie.

Sikuja hapa kumlaumu fundi. Yeye naye ni kijana kama sisi, anatafuta ugali, na huenda hata yeye hakujua kilichokuwa kwenye flashi yake. Aliyekabidhiwa orodha ni mimi. Nilipaswa kuuliza, sikuuliza, kwa sababu ilikuwa rahisi na ilikuwa na kialama cha kijani.

Elfu kumi na tano ya mama nilimrudishia. Aliipokea, akanifungia vitumbua vinne vya bure, akasema nisome kwa bidii. Lakini nilipomuuliza kama mwaka huu atatusaidia tena, alibadilisha mazungumzo. Sijamlaumu. Ila kila nikifungua laptopu yangu huwa naangalia kwanza tarehe ya apdeti, kisha ndipo naendelea na mengine.

Tunawaomba watu watukabidhi mtaa, jimbo, na siku moja nchi. Kabla hawajatukabidhi nchi, wanaangalia tulivyotunza namba zao za simu.

 Mapambano yanaendelea.